Kiswahili na Vitabu vya Taaluma Mashariki ya Kongo: Hesabu, Mimea na Sanaa

Lubutu, kaskazini mwa jimbo la Maniema, ipo kwenye barabara itokayo Kisangani kwenda Bukavu, katika nchi ya Wakomo. Kiswahili kiliingia Maniema katika karne ya 19 pamoja na misafara ya pembe za ndovu iliyoweka vituo Nyangwe na Kasongo. Katiba ya 2006 imekitaja kuwa mojawapo ya lugha 4 za taifa, Kifaransa kikiwa lugha rasmi. Hata hivyo, vitabu vya Wauthier de Mahieu juu ya Wakomo, vilivyochapishwa 1980 na 1985, vimeandikwa kwa Kifaransa. Hali hiyo si ya Wakomo peke yao. Makala hii inachunguza taaluma tatu ili kupima nafasi ya Kiswahili katika vitabu vilivyotokana na mashariki ya Kongo na nchi jirani nayo.

Katika hesabu, kisa mashuhuri ni cha Ishango, mahali mto Semliki unapotoka katika Ziwa Edward. Huko, mwaka 1950, Mbelgiji Jean de Heinzelin alifukua mfupa wenye mikato iliyopangwa katika safu 3. Umri wake hukadiriwa kuwa miaka 20,000 hivi. Safu mbili zina mikato 60 kila moja, na ya tatu ina 48. Safu mojawapo imegawanyika katika mafungu ya 11, 13, 17 na 19, ambazo zote ni namba tasa. De Heinzelin aliona humo dalili za ujuzi wa hesabu. Mwaka 1972 Alexander Marshack akaona kumbukumbu za mwandamo wa mwezi. Mjadala huo uliendeshwa kwa Kifaransa na Kiingereza, na mfupa wenyewe umehifadhiwa Brussels.

Katika elimu ya mimea, taasisi ya INEAC, iliyoanzishwa 1933 na kuwa na kituo chake kikuu Yangambi, ilianza mwaka 1948 kuchapisha kwa Kifaransa mfululizo mkubwa wa vitabu juu ya mimea ya Kongo. Majina ya kienyeji yaliorodheshwa humo, lakini baada ya jina la Kilatini na maelezo ya Kifaransa. Wenyeji waliombwa jina la mti. Maelezo yakabaki kuwa kazi ya mtaalamu.

Sanaa ya kisasa inaonyesha njia nyingine. Mwaka 1973 na 1974, mjini Lubumbashi, mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alimtengenezea Johannes Fabian mfululizo wa picha 101 juu ya historia ya nchi yake. Mchoraji huyo alijiona kuwa mwanahistoria, naye alizieleza picha zake kwa Kiswahili. Kitabu kilitoka 1996 kwa Kiingereza. Lakini katika uchunguzi huo wa uchoraji wa Shaba, neno moja la wenyeji, yaani *ukumbusho*, lilichukuliwa kuwa dhana ya kitaalamu: picha hupimwa kwa uwezo wake wa kumrudishia mtazamaji mambo yaliyopita. Hapa Kiswahili hakikutoa jina tu, bali kilitoa hoja.

Tofauti baina ya taaluma hizi haielezwi na wingi wa istilahi peke yake. TUKI ilichapisha *Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia* mwaka 1990, na namba tasa zina jina lake darasani. Tofauti kubwa zaidi imo katika nafasi aliyopewa msemaji: Ishango hakuulizwa, Yangambi aliulizwa jina, Lubumbashi aliulizwa maana. Kiswahili cha Tshibumba, kilichochanganyika na Kifaransa, si Kiswahili sanifu. Mtaalamu anayekikataa kwa sababu hiyo hukosa pia fikra iliyobebwa nacho. Kamusi za istilahi ni za lazima, lakini lugha hupata vitabu vya taaluma pale tu wasemaji wake wanapokubaliwa kuwa wafafanuzi, Lubutu kama Dar es Salaam.