Serikali za Mitaa, serikali ya mtaa

Istilahi hizi hazitofautiani kwa umoja na wingi tu. Tanzania Bara, Serikali za Mitaa ni mfumo mzima wa mamlaka zilizo chini ya Serikali Kuu: halmashauri za wilaya, miji, manispaa na majiji, pamoja na vijiji. Serikali ya mtaa ni uongozi wa ngazi ya chini kabisa mjini, chini ya kata. Mwenyekiti wake huchaguliwa na wakazi.

Mfano: Alipewa barua ya utambulisho na ofisi ya serikali ya mtaa.

Tanbihi: Mtaa si kisawe cha kijiji. Kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, halmashauri ya kijiji husimamia ardhi ya kijiji. Mtaa hauna mamlaka hayo. Mji unapopanuka na kijiji kugeuzwa mitaa, halmashauri ya kijiji hupoteza mamlaka hayo. Mfasiri akichanganya maneno haya, mwenye shamba hatajua nani anaamua juu ya ardhi yake.

Linganisha: Nchini Kenya, mtaa ni eneo la makazi tu, si ngazi ya utawala.