Macho ya Kuazimana

Katika filamu ya High Noon, ya mwaka 1952, saa zinasema kuliko watu. Kila baada ya kitambo kamera huirudia saa ya ukutani, akrabu zake zikiikaribia saa sita ya mchana, ndipo gari moshi litakapomleta adui. Na mwisho wa yote mlinzi wa mji huivua nyota ya bati ya cheo chake, akaitupa mavumbini bila ya kunena neno. Mwenye macho huelewa kila kitu. Asiyeona haambiwi lolote.

Ilikuwa ni filamu hiyo aliyoitazama Mmarekani Gregory Frazier kwenye televisheni, katika miaka ya 1970, pamoja na rafiki yake kipofu aliyemwomba amweleze yanayopita. Kutokana na ombi hilo Frazier alipata jambo la kuandikia tasnifu yake ya uzamili katika Chuo Kikuu cha San Francisco State mwaka 1975. Aliuchukua mchezo wa televisheni wa The Autobiography of Miss Jane Pittman, wa mwaka 1974, akautengeneza uwe wa kusikilizwa mtupu.

Hakukosea kuuchagua. Kilele chake ni mwendo wa kikongwe mweusi, aliyezaliwa utumwani na sasa ametimiza miaka 110, akijikokota kwa mkongojo kuliendea bomba la maji la wazungu peke yao. Askari wamesimama wanamtazama. Anainama, anakunywa, anarudi. Sasa, msimulizi aseme nini? Akisema kwamba kikongwe anakwenda kwa ujasiri, amekwisha kumpokonya msikilizaji haki yake ya kuuona ujasiri huo mwenyewe. Akitaja mkongojo, hatua, askari na maji, amemwachia kazi ya moyo. Kila aliyewahi kufasiri shairi anaujua mtihani huu.

Hilo ndilo lililokuwa shina la mafunzo ya Margaret Rockwell, baadaye Pfanstiehl, wa Washington. Mama huyu, ambaye naye alikuwa kipofu, aliasisi mwaka 1974 Metropolitan Washington Ear, idhaa ya kuwasomea wasioona magazeti. Mwaka 1981 ukumbi wa Arena Stage ulipoonesha Major Barbara, tamthilia ya George Bernard Shaw, wasioona walisikia masikioni mwao sauti ya kuwaeleza mapambo na mienendo ya wachezaji. Pamoja na Cody Pfanstiehl, aliyekuja kuwa mumewe, Bi Margaret aliwafunza wasimulizi waseme kinachoonekana, hukumu wamwachie msikilizaji. Tena waseme katika upenyo uliopo baina ya maneno ya wachezaji, ambao pengine hauzidi sekunde mbili tatu. Wapenzi wa vibanda vya video vya Dar es Salaam, waliozoea mkalimani wa kutia chumvi na mizaha yake, wasidhani kuwa kazi ni hiyo hiyo.

Televisheni ilifuata. Kituo cha WGBH cha Boston kilianza mwaka 1990 kurusha maelezo hayo kwa njia ya pili ya sauti, asiyeyahitaji asiyasikie.

Ugomvi ulikuja na sheria. Mwaka 2000 tume ya mawasiliano ya Marekani, FCC, ilivilazimisha vituo vikubwa kutoa maelezo. Mwaka 2002 mahakama ikaitangua amri hiyo kwa kuwa tume haikupewa madaraka hayo. Waliokwenda kushitaki walikuwa wenye filamu, na pamoja nao, ajabu iliyoje, National Federation of the Blind, chama cha vipofu wenyewe. Hoja yao haikuwa ya kipuuzi: kabla ya kuelezwa mavazi ya wachezaji, kipofu asomewe kwanza maandishi ya hadhari yanayopita kiooni. Vipofu wa vyama vingine hawakukubaliana nao. Mabishano hayo yaonesha kwamba hata kipi kionekane kwanza si jambo la mwenye macho kuamua. Bunge lilitoa madaraka kwa sheria ya mwaka 2010, na kuanzia Julai 2012 vituo vikuu vya miji mikubwa vilitakiwa kutoa saa 50 za maelezo kila robo mwaka.

Sharti hilo la maelezo halikuigusa intaneti. Aprili 2015 Netflix ilitoa tamthilia ya Daredevil, ambayo shujaa wake ni wakili kipofu, bila ya maelezo yoyote ya sauti. Malalamiko yalipozidi, yaliongezwa baada ya siku chache.