Kitambaa kimoja, Grace Ndiritu mwenyewe

Kwenye kipindi tulimtaja Grace Ndiritu haraka haraka, na sio haki. Kazaliwa Birmingham, wazazi Wakenya, kasomea sanaa ya nguo kule Winchester. Mwaka 2003 akatengeneza video, The Nightingale: yeye, kamera, kitambaa. Anakizungusha kichwani, ni kilemba. Anakishusha, ni ushungi. Kikifunika macho, ghafla unamwona mateka. Uso ni ule ule jamani, sisi ndio tunaobadilisha hukumu. Na mwaka wenyewe ni ule wa vita vya Iraq. Mama zetu wanajua walivyotazamwa kwenye basi.

Baadaye akaja na Still Life. Humo anajificha nyuma ya vitenge, unaambulia mkono, unaambulia mguu. Matisse, mchoraji wa Ufaransa, alitundika ukutani kwake vitambaa vya Wakuba wa Kongo, na wanawake aliwachora wamezungukwa na nguo za maua. Kwa Ndiritu, mwanamke aliye katikati ya nguo ndiye mwenye kamera, na ndiye anayeamua uone nini.

Jarman Award alishinda 2022. Mimi bado narudi kwenye pale macho yanapofunikwa. Mara ya kwanza niliangalia pembeni.