Kabla ya Tupac kuwa Bishop, kulikuwa na mtu wa kamera

Juice ikitajwa, stori inaishia kwa Tupac. Sawa, Bishop ni Bishop. Ila muvi ile ni ya Ernest Dickerson, na wengi walioirudia mara ishirini hawajawahi kulisikia jina hilo.

Dickerson alizaliwa Newark, New Jersey, 1951. Chuo Kikuu cha Howard alisomea usanifu majengo, halafu kamera akaianzia mahali pasipo na mastaa wala zulia jekundu: alikuwa anarekodi madaktari wakifanya upasuaji. Hapo hakuna cha kusema "turudie sini". Baadaye akaenda kusomea filamu New York, na chuoni akakutana na kijana wa Brooklyn anaitwa Spike Lee.

Wakawa pete na kidole. 1986 wakatoa She's Gotta Have It, imepigwa kwa siku 12, nyeusi na nyeupe, isipokuwa kipande kimoja cha dansi chenye rangi. Kisha 1989 ikaja Do the Right Thing. Stori nzima ni siku moja ya joto kali Brooklyn, lakini kupiga kulichukua wiki kadhaa, na hali ya hewa haimsubiri mtu. Kazi ya Dickerson ilikuwa kuzifanya wiki hizo zionekane siku moja. Bluu na kijani zikabanwa, ukuta ukapakwa nyekundu, wazee watatu wakakaa mbele yake kupiga soga. Unaangalia ukiwa sebuleni, jasho linakutoka.

Kumbe muda wote huo jamaa ana skripti yake mwenyewe, ameiandika na Gerard Brown: vijana wanne wa Harlem na bastola moja. Kwenye usaili Tupac alikuja kumsindikiza tu Money-B wa Digital Underground, akaomba na yeye ajaribu. Akaondoka na Bishop. (Treach wa Naughty by Nature naye yumo, ila kwa kipande kidogo. Maisha haya!)

Juice ilitoka Januari 1992. Ile sini ya shuleni kila mtu anaijua: Q anafunga mlango wa kabati lake, Bishop huyo hapo, amesimama. Hakuna risasi, hakuna mbio. Mlango na uso, basi. Hiyo ni akili ya mtu aliyeishi nyuma ya lenzi.

Mwaka huo huo ikatoka Malcolm X, nayo kaipiga yeye. Ndiyo ikawa ya mwisho akiwa mkuu wa kamera wa Spike. Angeweza kubaki pale pale, mpiga picha anayeheshimika, kazi haikosi. Akachagua kiti cha mwongozaji, na kiti hicho hakikumlipa alivyostahili. Alifanya Surviving the Game na Ice-T, Demon Knight, Bones na Snoop Dogg, Never Die Alone na DMX. Zina mashabiki wake, ila hakuna iliyofika pale Juice ilipofika, na Hollywood haikumpa tena stori ya uzito ule.

Televisheni ndiyo iliyomfungulia mlango. Dexter, The Walking Dead, na hasa The Wire. Ile episode ya mwisho ya msimu wa nne, iliyoacha watu wamekaa kimya mbele ya skrini wakiwawaza wale madogo wa Baltimore? Mwongozaji ni yeye.