Mtaa wa Tokyo Uliovunjwa

Kila ifikapo tarehe 26 Oktoba hunijia moyoni habari ya mtaa ambao sikupata kuukanyaga, nao ni Tokyo, si mji mkuu wa Japani, bali mtaa wa GeoCities, yale maskani ya intaneti yaliyoasisiwa Marekani mwaka 1994 na David Bohnett na John Rezner, ambamo kurasa zilipewa mitaa na nambari mithili ya nyumba, na wapenzi wa anime, yaani katuni za Kijapani, wakapata kwao.

Kabla ya hapo walikuwa wakipelekeana kanda za video kwa posta, maneno wameyatafsiri wenyewe na kuyaandika chini ya picha, bila ujira wowote. Huko Tokyo wakaweka michoro yao na hadithi walizowatungia wahusika waliowapenda.

Mwaka 1999 Yahoo ikainunua GeoCities kwa hisa za thamani ya dola bilioni 3.57, mwaka 2009 ikatangaza kuifunga. Hapo ndipo Jason Scott, mtu aliyeutoa umri wake kuhifadhi mambo ya kompyuta, na wenzake walioitwa Archive Team, wakaingia kazini usiku na mchana, wakinakili nyumba kwa nyumba na mtaa kwa mtaa, wala hapana aliyewalipa, ilhali siku zinawakimbia na mwenye mali ameshaazimia kuvunja. Tarehe 26 Oktoba 2009 milango ikafungwa. Mwaka uliofuata wakaitoa hadharani shehena waliyoiokoa, zaidi ya gigabaiti 600, aichukue atakaye. Nasema tendo la Yahoo lilikuwa dhuluma, kwa kuwa aliyewakaribisha watu na kuchuma kwa matangazo yaliyobandikwa kwenye kurasa zao alikuwa na wajibu wa kuitunza amana yao, au walau kuwakabidhi watu wa kuitunza.

GeoCities ya Japani ilidumu hadi tarehe 31 Machi 2019, nayo ikaenda.

Nayaandika haya Mayoni, katika Matungu, nikiwafikiria vijana wetu wachorao wahusika wa anime na kuitia kazi yao yote katika majumba ya watu wengine mtandaoni. Enyi wanangu, wekeni nakala nyumbani, kisha ipelekeni anwani ya ukurasa wenu kwa Internet Archive, hazina aliyoiasisi Brewster Kahle huko San Francisco mwaka 1996. Huipokea kwa mtu yeyote, na haitozi hata senti moja.