Wakwe Wasiofika Kizimbani: Mahari na Manyanyaso ya Ndoa katika Bonde la Kilombero

Lipangalala, kata ya mji wa Ifakara nchini Tanzania, imo katika bonde ambamo Wapogoro, Wandamba na Wambunga wanaishi pamoja na wafugaji wa Kisukuma waliohamia na ng'ombe wao. Mila zao za mahari zinatofautiana, lakini posa hupelekwa na wazee, na ndugu waliochangia mahari huweza kujiona wana kauli juu ya mke. Ndipo huzaliwa manyanyaso: mke husimangwa kwamba amelipiwa, huzuiwa kuuza mpunga alioupanda mwenyewe, au hufukuzwa arudi kwao akailete mahari. Shauri likifika Mahakama ya Mwanzo hubaki na majina mawili tu, la mume na la mke. Hoja yangu ni kwamba sheria yetu humsikia mkwe anapodai mahari, lakini humwacha nje ya shauri anapoitumia kumtesa mkamwana wake.

Ushahidi umo katika sheria zenyewe. Tangazo la Serikali Na. 279 la mwaka 1963, lililoandika mila za jamii zinazofuata ukoo wa baba, liliweka kanuni za kudai na kurudisha mahari, hata ukoo ukapata mlango wa kuingilia mahakamani. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilipunguza nguvu ya mahari: kwa kifungu cha 41, ndoa ni halali hata kama desturi ya mahari haikutimizwa. Lakini kifungu cha 107, kinachoorodhesha dalili za ndoa iliyovunjika, kinazungumzia ukatili uliofanywa na mdaiwa, yaani mwenzi wa ndoa. Matusi ya mama mkwe na vitisho vya shemeji havimo humo. Mke asipothibitisha kwamba mumewe mwenyewe alimtesa, mateso ya miaka huhesabiwa kuwa ugomvi wa kifamilia. Kwa maoni yangu tafsiri hiyo ni finyu mno. Mume anayejua mkewe ananyanyaswa ndani ya nyumba yake, akanyamaza, ameshiriki, na hakimu ana uwezo wa kuuita ukimya huo ukatili wa kiakili bila kusubiri Bunge. Kifungu cha 73 nacho kinamruhusu mume au mke kumdai fidia mtu yeyote aliyemshawishi mwenzi wake aihame ndoa. Kwa hiyo wazo la kumshtaki mtu wa tatu si geni katika sheria hii.

Pengo huanzia chini zaidi, kwenye Bodi ya Usuluhishi wa Ndoa, ambako kifungu cha 101 kinataka mgogoro upelekwe kwanza. Bodi inaweza kuwasikiliza watu wengine inaoona wanafaa, na hati yake hutakiwa kueleza ilichobaini. Hati ikisema tu kwamba usuluhishi umeshindikana, majina ya waliotesa hupotea papo hapo. Na pale mkwe ndiye tishio, mahakama itumie nafasi iliyoachwa na kifungu hichohicho kwa mazingira ya kipekee, isimrudishe mke kwenye kikao cha watu anaowaogopa.

Wapo watakaosema njia hii itazaa mashtaka ya uongo, nao wana mfano mzito. India iliufanya ukatili wa mume na ndugu zake kuwa jinai mwaka 1983, na mwaka 2014 Mahakama yake ya Juu, katika shauri la Arnesh Kumar, ikalazimika kuzuia polisi wasikamate watu kiholela. Fundisho ninaloliona hapo ni kudai maelezo mahususi (nani alisema au alifanya nini, lini, mbele ya nani) na kutanguliza madai kabla ya jinai, isipokuwa palipo na kipigo au tishio. Wengine watasema mahari ni heshima na mahakama isiiguse. Mahakama ya Juu ya Uganda, katika shauri la MIFUMI mwaka 2015, ilikataa kuiharamisha mahari lakini ikatangaza kwamba kudai irudishwe ndoa inapovunjika ni kinyume cha Katiba. Desturi ilibaki, silaha iliondolewa. Mahakama zetu zinaweza kuanza na hatua ndogo kuliko hiyo: madai ya mahari yasisikilizwe kabla ya kuchunguzwa iwapo mdai, au ndugu zake, ndio waliomfukuza mke.