Syam Pushkaran: mwandishi wa senario aliyegeuka pia mtayarishaji

Ukitaja filamu ya Kihindi, wengi wanafikiri kwanza Bollywood, nyimbo na ngumi. Lakini India iko na sinema nyingi, kila lugha na yake. Katika jimbo la Kerala, kusini-magharibi, watu wanasema Kimalayalam, na filamu zao zinasifiwa sana juu ya senario, ni kusema yale yanayoandikwa kabla ya kamera kuwashwa.

Syam Pushkaran, mzaliwa wa Thuravoor, wilaya ya Alappuzha, aliingia mwaka 2011 na Salt N' Pepper, aliyoiandika pamoja na Dileesh Nair. Jina lilikuja kushika kweli mwaka 2016 na Maheshinte Prathikaaram. Mpiga picha wa mji mdogo wa milimani, Idukki, anapigwa mbele ya watu. Anaapa: hatavaa tena kandambili mpaka alipe kisasi. Kumbe yule aliyempiga amekwisha kwenda kutafuta kazi Dubai! Basi Mahesh anangoja, miguu wazi, na wakati anangoja anampenda msichana ambaye ni dada ya adui yake. Ugomvi wa barabarani tu, lakini senario hiyo ilipata tuzo ya kitaifa ya India.

Mwaka 2019 ikafuata Kumbalangi Nights, katika kijiji cha wavuvi karibu na Kochi. Ndugu wanne wanaishi katika nyumba isiyokuwa hata na mlango, na majirani wanawadharau. Jirani yao Shammi, kinyozi, ni safi, sharubu zimechongwa vizuri, na anajiona ndiye mwanaume kamili. Huyo njo hatari. Anaamuru wanawake wa nyumba, anataka kujua kila kitu, na mwisho ndugu wale wanamkamata kwa wavu wa samaki. Shammi wa namna hiyo hakosekani katika mtaa wowote.

Filamu hiyo Syam hakuiandika tu. Aliitayarisha pia, kupitia kampuni ya Working Class Hero, yeye na mwongozaji Dileesh Pothan. Kwa kawaida mwandishi anakabidhi karatasi zake, kisha mwenye pesa anaamua yanayobaki. Wao walitaka uamuzi ubaki mikononi mwao.

Pamoja na mwigizaji Fahadh Faasil walianzisha pia Bhavana Studios. Joji, ya 2021, ilichota kwa Macbeth ya Shakespeare: mtoto wa tajiri anabadilisha dawa za baba yake mgonjwa. Premalu, ya 2024, iliandikwa na wengine. Syam alikuwa mmoja wa watayarishaji, na ilijaza majumba ya sinema hata nje ya Kerala.